Fyuzi ya taa ndogo za tela upande wa kushoto inakata kila nikibadilisha. Naanzia wapi?

Kipanga24

Habari za jioni wakuu. Naomba msaada wa mafundi umeme wa malori.

Gari ni kichwa cha Ulaya, volti 24, kinavuta semi tela la ekseli tatu. Taa ndogo za tela upande wa kushoto zote hazijawaka: ya nyuma, zile sita za ubavuni, na za namba. Upande wa kulia uko sawa. Breki na indiketa ziko sawa pande zote. Kwenye boksi la fyuzi nimekuta moja ya ampea 10 imekata, nimeweka mpya, imekaa sekunde moja au mbili ikakata. Nimerudia, hivyo hivyo.

Nimeshauriwa niweke ya 30 "ili ihimili". Sijaweka bado.

Ninachotaka kujua: karatasi ya kwenye kifuniko imefutika na fyuzi ni zaidi ya hamsini, sasa nitahakikishaje kwamba hiyo ndiyo yenyewe na hakuna nyingine inayohusika? Kuna namna ya kupima bila kuchomoa moja moja? Na nitajuaje tatizo liko kwenye kichwa, kwenye kebo au kwenye tela? Nina mita ya kawaida na testa ya taa.

FundiWaya

Mkuu, hiyo ya 30 usiiweke hata kwa safari ya kutoka hapo hadi gereji. Fyuzi haiko pale kulinda taa, iko kulinda waya. Waya wa taa ndogo za tela kwa kawaida ni wa milimita 1 au 1.5 za mraba. Ukiweka 30, kitakachoungua kwanza ni waya, na waya huo umelala ndani ya kebo moja na wa breki na wa indiketa. Ngozi zikiyeyuka zikashikana, utakanyaga breki na kuwasha indiketa, au utakosa vyote usiku.

Halafu piga hesabu ya mzigo, maana ndiyo inayokuambia unatafuta nini. Taa ya nyuma wati 10. Za ubavuni sita za wati 5, jumla 30. Namba mbili za wati 5, jumla 10. Hizo ni wati 50. Gawanya kwa volti 24 unapata ampea 2 na kidogo. Fyuzi ya 10 inabeba mzigo huo bila hata kupata joto. Kwa hiyo mzigo haujazidi, una shoti.

Na muda uliotaja una maana. Fyuzi ya 10 ya kuchomeka ikipitishiwa ampea 11 inatakiwa ivumilie saa 100. Ikipitishiwa 20 inakata ndani ya muda usiozidi sekunde 5. Ikipitishiwa 35 haimalizi nusu sekunde. Yako inakaa sekunde moja au mbili, maana yake zinapita kama ampea 15 hadi 20 hivi. Waya mzima uliolala juu ya chuma safi ungekata papo hapo, ukiwa bado unaisukuma fyuzi. Wako unaonekana umegusa chuma kwa nyuzi chache, au umegusa kupitia kutu.

Sasa kuitambua fyuzi. Kwenye Scania za P na R, MAN TGA na Actros nyingi, boksi kubwa liko mbele ya kiti cha abiria, chini ya kifuniko cha dashibodi. Fyuzi kubwa za kufungwa kwa nati ziko kwingine, mara nyingi kwenye boksi la betri au karibu nalo. Hizo hazikuhusu leo: moja ya hizo ikikata unapoteza kundi zima la vitu, haizimi upande mmoja wa tela peke yake.

Ukipata mchoro wa umeme wa gari, tafuta namba na si majina. Magari ya Ulaya yanatumia namba zilezile: 30 ni umeme wa moja kwa moja toka betri, 15 ni umeme wa baada ya swichi, 31 ni ethi (njia ya hasi inayorudi kupitia chesisi), 54 ni breki, 56a ni fulu, 56b ni dimu, na 58 ni taa ndogo. Taa ndogo hugawanywa 58L kushoto na 58R kulia, kila moja na fyuzi yake. Ndiyo maana kulia kwako kunawaka.

Kama mchoro huna, tumia upande mzima kuutafuta mbovu. Washa taa ndogo, mtu asimame nyuma ya tela, wewe chomoa fyuzi zilizo jirani na ile iliyokata, moja baada ya nyingine, ukirudisha kila moja pale pale. Ile itakayozima taa za kulia ndiyo pacha wake. Mara nyingi hizo mbili zinakaa bega kwa bega na zina ampea sawa. Angalia pia taa ndogo ya kushoto ya kichwa chenyewe. Kama nayo imezimika, basi kichwa na tela wanatumia fyuzi moja, na shoti inaweza kuwa kokote kati yao. Kama inawaka, tela lina fyuzi yake.

Kupima bila kuchomoa: juu ya mgongo wa kila fyuzi ya kuchomeka kuna vitobo viwili vidogo, chuma kinaonekana. Bana klipu ya testa kwenye chuma kisicho na rangi, kisha ijaribu kwanza mahali unapojua pana umeme, ili usije ukailaumu fyuzi kumbe klipu haijashika. Washa taa ndogo. Gusa kitobo kimoja, kisha kingine. Testa ikiwaka kote kuwili, fyuzi nzima. Ikiwaka upande mmoja tu, imekata. Isipowaka popote, umeme haujafika kwenye fyuzi: tazama swichi, relei, au fyuzi kubwa inayolisha kundi hilo. Hakikisha testa ni ya volti 24 na ina balbu ya waya ndani. Ya volti 12 itaungua. Zile za LED zinawaka hata kwa umeme mdogo unaorudi kupitia taa nyingine, zinakudanganya.

Na usipime omu fyuzi ikiwa ndani ya boksi. Mita itasoma njia nyingine za mzunguko na itakuambia nzima kumbe imekata. Ukitaka omu, ichomoe. Nzima inasoma karibu na sifuri.

Bandari_Kavu

Nakubaliana na FundiWaya, naongezea hapo kwenye kutenganisha kichwa, kebo na tela, maana hapo ndipo fyuzi nyingi huishia bure.

Usitumie fyuzi kutafutia shoti. Tumia balbu. Chukua balbu ya taa kubwa ya volti 24, H4 ya 75/70 inafaa. Chukua fyuzi iliyokata, vunja plastiki yake, lehemu nyaya mbili kwenye miguu yake kwa risasi, kila mguu waya wake, kisha nyaya hizo ziende kwenye balbu. Chomeka miguu hiyo kwenye nafasi ya fyuzi. Balbu ya wati 70 haiwezi kupitisha zaidi ya ampea 3 hivi, kwa hiyo waya wako uko salama hata shoti iwe kubwa kiasi gani, na unaweza kuacha umeme unapita huku unatafuta. Itundike mbali na plastiki na vitambaa, inapata moto sana.

Inasomwa hivi. Balbu ikiwaka kwa nguvu zote na taa za tela zimekufa: shoti ipo. Balbu ikiwaka hafifu na taa za tela nazo zinawaka hafifu: mzunguko ni mzima, mnagawana volti tu. Isipowaka kabisa: waya umekatika, au hakuna mzigo uliounganishwa.

Sasa fuata mpangilio huu. Chomoa kebo ya tela pale nyuma ya kabini. Washa taa ndogo. Balbu bado inawaka kwa nguvu? Kosa liko kwenye kichwa, kuanzia boksi la fyuzi hadi soketi. Fungua soketi yenyewe kwanza, nyuma yake hukusanya maji na kutu ya kijani kati ya pini na pini. Balbu imezima? Kichwa kisafi. Rudisha kebo upande wa kichwa tu, ule mwingine uning'inie hewani bila kugusa chuma. Ikiwaka, kebo ndiyo mbovu. Zile za kujikunja huharibika karibu na plagi, pale zinapopinda gari likikata kona. Zikunje kwa mkono taratibu urefu wote huku ukitazama balbu, maana kuna shoti inayojitokeza ikipinda tu. Isipowaka, unganisha na tela, na hapo ndipo utakuwa umelifikia.

Kwenye soketi ya kawaida ya pini 7, ile ya 24N, pini 1 ni ethi, waya mweupe. Pini 2 ni taa ndogo za kushoto, mweusi. Hizo ndizo zako. 3 indiketa kushoto, njano. 4 breki, nyekundu. 5 indiketa kulia, kijani. 6 taa ndogo za kulia, kahawia. 7 bluu. Kama gari lako lina soketi ya pini 15, ethi iko 4 na taa ndogo za kushoto ziko 5. Rangi usiziamini peke yake kwenye tela lililokwisha kutengenezwa mara nyingi, fuata namba iliyochorwa kwenye plagi. Soketi ya ABS (breki zinazozuia matairi kujifunga) ni nyingine kabisa, usiichokonoe na balbu.

Jambo moja linalowapoteza hata watu wazoefu: kupima pini 2 na pini 1 kwa omu na taa zikiwa ndani. Balbu ya wati 5 ya volti 24 ikiwa inawaka ina omu kama 115, lakini ikiwa baridi inashuka hadi karibu sehemu moja ya kumi ya hapo. Mzigo wako wa wati 50 ni sawa na balbu kumi za namna hiyo kwa pamoja, mita itasoma kama omu 1. Mtu anaona 1 anapiga kelele "shoti!" kumbe ni balbu baridi. Na shoti yako ya ampea 20 nayo ingesoma omu 1 na kidogo. Mita haiwezi kukutenganishia. Toa balbu zote kwanza ndipo upime, au tumia mbinu ya taa.

Ukishajua ni tela, fungua boksi la maungio la nyuma na lile la mbele, tenganisha waya mweusi, uone sehemu ipi inazima balbu yako. Unakata njia katikati, nusu kwa nusu. Ni haraka kuliko kufuata waya wote toka mwanzo.

DadaMwanga

Salaam kaka zangu. Mmemaliza kwenye kutafuta, mimi niseme kuhusu kubadilisha kwenyewe na kuisoma fyuzi iliyokata.

Mdogo wangu Kipanga, kabla hujaitupa, itazame kwenye mwanga. Plastiki yake ikiwa nyeusi au imepakwa kama fedha ndani, ilikuwa shoti kubwa, chuma kimegeuka moshi. Kama utepe umeyeyuka katikati bila weusi mwingi, mzigo ulizidi kidogo kwa muda mrefu, au shoti ni dhaifu kama yako. Kama kuna ufa mwembamba tu, ni uchovu wa mtikisiko na wa kupata joto na kupoa. Hiyo ukibadilisha yaishe, usiende kupasua gari zima. Na kama utepe ni mzima lakini plastiki imevimba kwenye miguu, kosa si la fyuzi wala la taa: nafasi yake kwenye boksi imelegea. Mguso mlegevu unatoa joto bila ampea kuzidi, kwa hiyo fyuzi haikati, inaiva tu. Hapo usiweke fyuzi mpya ukaondoka. Toa kishikio cha shaba, kibadilishe pamoja na kipande cha waya kilichogeuka rangi. Kubana kishikio kilichoungua kwa plaizi hakudumu, chuma kikishapata moto kinapoteza uspringi.

Kubadilisha: zima taa na zima swichi, kisha vuta kwa kibanio cha plastiki, mara nyingi kiko ndani ya kifuniko chenyewe. Bisibisi itakupeleka kugusa fyuzi ya jirani. Ivute wima. Ingiza mpya hadi ifike chini, miguu yote miwili kwa pamoja. Ikiingia bila kubana hata kidogo, rudi kwenye habari ya kishikio.

Rangi za fyuzi za kawaida: 3 zambarau, 5 hudhurungi hafifu, 7.5 kahawia, 10 nyekundu, 15 bluu, 20 njano, 25 nyeupe inayoonyesha ndani, 30 kijani. Lakini rangi ni ya umbo lake. Kwenye zile kubwa za maxi, nyekundu ni 50 na bluu ni 60. Soma namba iliyo mgongoni.

Ubora nao ni shida ya kweli. Ziko sokoni fyuzi za pakiti ambazo hazikati hata zikipitishiwa mara mbili ya kiwango chake, na fyuzi isiyokata ni mbaya kuliko kutokuwa nayo, kwa sababu umeshaiamini. Toa moja kafara kwenye kila pakiti: weka ya 5 kwenye waya mnene, iunganishe na balbu nne za wati 70 kwa pamoja kwenye betri za volti 24. Zinapita karibu ampea 12, zaidi ya mara mbili ya kiwango. Ndani ya sekunde 5 inatakiwa iwe imekata. Isipokata, rudisha pakiti nzima dukani.

Zile kubwa za kufungwa kwa nati zina utaratibu wake. Ondoa hasi ya betri kwanza, na iwe ya mwisho kurudi. Kama gari linatumia AdBlue (maji ya kusafisha moshi wa dizeli), baada ya kuzima injini subiri dakika chache kabla ya kukata umeme, pampu inarudisha maji yake kwenye tangi. Vua pete na saa. Kichwa cha kebo kilale moja kwa moja juu ya sikio la fyuzi, washa ya chuma isikae katikati yao, ikae juu chini ya nati. Ya bolti M8 inakazwa 12 Nm (kipimo cha spana ya toki), ndogo yake ya M5 ni 4.5 Nm. Ikilegea itaungua yenyewe bila shoti yoyote, ikikazwa kupita kiasi inapasuka.

Kipanga24

Asanteni sana, fundi, kaka na dada. Nimefanya leo asubuhi.

Taa ndogo ya kushoto ya kichwa inawaka, kwa hiyo tela lina fyuzi yake. Pacha nimempata, ni jirani kabisa. Nimetengeneza balbu ya H4. Kebo imechomolewa nyuma ya kabini: balbu imezima. Kebo peke yake: imezima, hata nikiikunja. Tela likiunganishwa: inawaka kwa nguvu zote.

Nikafungua boksi la nyuma nikatenganisha mweusi, bado inawaka, basi ni kati ya mbele na nyuma. Nimetikisa waya ubavuni, nilipofika taa ya pili mbele ya matairi balbu ikafifia na taa za tela zikawaka hafifu. Waya unapita kwenye tundu la chesisi, raba ya tundu haipo, ukingo umekula ngozi hadi nyuzi. Niunge vipi idumu? Na hizo taa za LED za mapambo zilizoungwa kwa klipu kwenye waya huo huo nizitoe?

FundiWaya

Safi sana. Kata kipande chote kilicholiwa, usifunge tepu juu ya jeraha. Nyuzi zilizogeuka kijani au nyeusi ndani zikate hadi ufike shaba inayong'aa, hata ikibidi kuongeza waya wa unene uleule. Ungia kwa kiungo cha kubana kwa plaizi yake maalumu, kisha mpira wa kusinyaa kwa joto, ule wenye gundi ndani, utokeze sentimita mbili kila upande. Kusokota na kufunga tepu kwenye tela ni kazi ya miezi michache, maji yanatambaa ndani ya ngozi ya waya hadi kwenye soketi. Weka raba mpya kwenye tundu, vika waya bomba la plastiki lenye mikunjo, funga kila sentimita 30, mbali na chochote kinachosogea na springi.

Zile klipu zinazouma waya zitoe zote. Zinakata nyuzi kadhaa na zinaacha tundu la maji. Kama mapambo unayataka, yapate fyuzi na waya wake toka kichwani, fyuzi iwe karibu kabisa na chanzo cha umeme, na yasichukue zaidi ya robo tatu ya kiwango chake. Usiyatoe umeme wa 12 kwenye betri moja kati ya mbili. Moja itakosa chaji, nyingine itachemka, na utanunua zote mbili. Tumia kipunguza volti.

Bandari_Kavu

Nyongeza kwa wanaofunga tela hilo kwenye vichwa vya Marekani vya volti 12, maana viko njiani siku hizi: wati zilezile kwa volti 12 ni ampea mara mbili, zile wati 50 zinakuwa ampea 4 na ushee. Na balbu za 12 zikisahauliwa kwenye tela likaenda kwenye kichwa cha 24, zinaungua kwanza, fyuzi haina habari. Kwa hiyo taa zote za upande mmoja zikifa na fyuzi nzima, soma maandishi kwenye kitako cha balbu.

DadaMwanga

Ukimaliza kuunga, Kipanga, usikimbilie fyuzi mpya. Rudisha ile balbu kwanza: iwake hafifu, na taa za tela ziwake hafifu. Tikisa waya wote ubavu mzima, balbu isibadilike. Ndipo uitoe, weka mita kwenye tundu lake la ampea 10, miguu miwili ya mita iende kwenye nafasi ya fyuzi, washa taa. Usome kama 2 na kidogo. Ukisoma 3 au zaidi, bado kuna kitu kinakunywa umeme hapo, huenda taa moja ya ubavuni ina maji. Kisha rudisha waya wa mita kwenye tundu la volti kabla hujaiweka begani, la sivyo atakayeipima betri nayo kesho atapiga shoti.

Kipanga24

Nimeunga, nimepima: 2.2. Nimeweka ya 10, klipu za mapambo zote nimetoa, nimekuta nyaya mbili zimeanza kuwa kijani nimezikata hadi shaba safi. Raba nimeweka pia kwenye matundu mengine manne ya upande wa kulia, mawili yalikuwa wazi vilevile.